Kamera Kando ya Kiwanja: Filamu za Kandanda na Mabadiliko katika Jamii

Maelezo kwa wahamasishaji wa haki na amani



Tumezoea kukutana kuzungumzia ardhi, rushwa, uchaguzi, mirathi ya wajane na hali ya mahabusu. Leo tumeombwa kusema neno juu ya mpira wa miguu na filamu. Huenda wapo kati yenu wanaojiuliza: mpira ni mchezo, filamu ni burudani, je, haki na amani zimeingiaje hapo?

Tunatoa jibu letu tangu mwanzo ili mlipime tunavyoendelea. Tunaamini kwamba hadithi ya mpira ikipigwa picha kwa uaminifu yaweza kuisaidia jamii kujiona, na jamii isiyojiona haiwezi kujirekebisha. Lakini tunaamini pia kwamba filamu haibadilishi jamii kwa nguvu zake yenyewe. Inasaidia pale tu ambapo watu waliopigwa picha wameheshimiwa kama wenye hadithi, na ambapo picha imerudishwa kwao ili waijadili na kuamua la kutenda. Pasipo mambo hayo mawili, kamera ni mgeni aliyekula, akashiba, akaondoka bila kuaga.

1. Kwa nini mpira?

Mpira hukusanya watu ambao mkutano wa hadhara hauwapati. Hauhitaji fedha nyingi: watoto wetu huufunga kwa matambara, mifuko ya plastiki na kamba, wakasimamisha mawe mawili kuwa goli. Kijana ambaye hataki kusikia habari za semina atakaa juani saa mbili akitazama timu ya mtaa wake.

Tena mpira una fundisho la haki ndani yake. Pande zote mbili zina wachezaji kumi na mmoja, na sheria ni moja kwa mwenye nacho na asiye nacho. Anayeonewa huonewa mbele ya macho ya wote. Hata mtoto mdogo ambaye hajui kusoma Katiba anajua kwamba refa amependelea, naye hulalamika. Huyo amekwisha kuanza kujifunza habari ya haki.

Lakini kiwanja hicho hicho hutuonyesha pia mapungufu yetu. Tukitaka kujua jamii inamthamini nani, tutazame nani anacheza, nani anashangilia, na nani amebaki nyumbani akichota maji wakati kaka zake wako mazoezini. Tutazame timu zinaundwaje: kwa kabila, kwa dini, kwa chama, au kwa ujirani. Tutazame nani hutoa jezi na mipira, na hutoa lini. Wengi wetu tumeona jezi zikigawiwa mwezi mmoja kabla ya uchaguzi, na mgawaji asionekane tena kwa miaka mitano.

Hapo ndipo anapoingia mtengenezaji wa filamu ya hali halisi. Filamu ya namna hii haitungwi kwa waigizaji. Huwapiga picha watu wenyewe katika maisha yao. Hata hivyo tusidhani kwamba ni kioo kisicho na mkono wa mtu. Mwongozaji ndiye anayeamua kamera isimame wapi, nani aulizwe, jibu lipi libaki na lipi likatwe. Kuamua nani asikike ni mamlaka, na kila penye mamlaka sisi tuna wajibu wa kuuliza yanatumikaje.

2. Sinema iliyokuja kufundisha

Swali hilo si jipya katika nchi zetu. Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, uliendeshwa mradi wa majaribio wa kutengeneza sinema kwa ajili ya Waafrika. Msimamizi wake alikuwa Baraza la Kimataifa la Misioni, na fedha nyingi zilitoka katika shirika la Carnegie la Marekani. Katika muda huo mfupi zilitengenezwa filamu 35. Gari lenye mashine na pazia lilizunguka Tanganyika, Kenya, Uganda, Rhodesia ya Kaskazini na Nyasaland, na watu walikusanyika usiku kwa maelfu kutazama.

Filamu zile zilihusu kilimo, afya, ushirika na mengineyo. Mojawapo ilihusu akiba ya posta. Kibarua mmoja anafukia fedha zake ardhini, mwizi anazichukua. Mwenzake anaweka zake posta, anafanikiwa. Hatusemi kwamba somo lilikuwa baya. Kuweka akiba ni jambo jema. Lakini tazameni nafasi aliyopewa Mwafrika. Yeye ni mwanafunzi na wakubwa ndio walimu. Yeye ana kasoro na wao wana dawa. Kibarua alifundishwa jinsi ya kutunza mshahara wake, lakini filamu haikutengenezwa ili yeye aseme neno juu ya mshahara huo.

Tumeanza na historia hii kwa sababu roho ya sinema ile haijafa. Bado zinatengenezwa filamu za maendeleo ambamo mwanakijiji huonekana akitikisa kichwa kukubali anachoambiwa na mtaalamu. Bado zinatengenezwa nyingine ambamo mtoto wa mtaa wa mabanda hupigwa picha akiwa na machozi na kamasi, bila jina, ili mfadhili aliye mbali afungue mkoba. Zote mbili zina nia njema. Zote mbili zimemnyima mtu utu wake, kwa kuwa hazikumuuliza anaonaje mambo yake.

3. Mwongozaji aliyesikiliza

Sasa tutazame mfano wa namna nyingine, uliofanyika karibu nasi. Florence Ayisi ni mwongozaji wa filamu mzaliwa wa Kameruni, ambaye amefundisha kazi hiyo katika chuo kikuu huko Wales, Uingereza. Mwaka 2005, akishirikiana na Kim Longinotto wa Uingereza, alitoa filamu iitwayo Sisters in Law. Ilipigwa katika mji wa Kumba, Kameruni, nayo inawafuata mwendesha mashtaka na hakimu, wote wawili wanawake, wakishughulikia kesi za wake waliopigwa na watoto walioteswa. Filamu hiyo ilipata tuzo katika tamasha la Cannes mwaka huohuo. Kwa hiyo huyu hakuwa mtu wa michezo. Alikuwa mtu aliyekwisha kutazama kwa makini jinsi wanawake wa Afrika wanavyoitafuta haki yao.

Mwaka 2007 alitoa filamu nyingine, safari hii kutoka Zanzibar, inayoitwa Zanzibar Soccer Queens, yaani malkia wa soka wa Zanzibar. Inahusu timu ya wanawake iliyojiita Women Fighters. Wachezaji wake ni Waislamu, katika visiwa ambavyo karibu wakazi wote ni Waislamu. Timu haikuundwa na kamera; ilikuwapo, ikicheza na ikisemwa, kabla kamera haijafika. Wanawake hao walikuwa wakiambiwa kwamba kandanda ni mchezo wa wanaume, kwamba kaptura si vazi la staha, na kwamba mwanamke anayekimbia kiwanjani mbele ya watu ni mhuni. Wao wakaendelea kucheza.

Tunaona mambo matatu katika kazi hiyo yanayofaa kuigwa.

Kwanza, wachezaji hawakuonyeshwa kiwanjani tu. Wanaonekana nyumbani, katika shughuli zao, na kati ya watu wao. Mtazamaji hakutani na kioja, yaani mwanamke anayepiga mpira. Anakutana na binti wa mtu, mama wa mtu, jirani wa mtu, ambaye pamoja na mengine yote anapenda mpira na anaujua. Ni vigumu kuendelea kumwita mhuni mtu ambaye umekwisha kumwona akihangaikia riziki yake kama wewe.

Pili, wapinzani nao walipewa nafasi ya kusema. Filamu haikuwaficha wala kuwageuza vikaragosi. Jambo hili ni kubwa kuliko linavyoonekana. Jamii haibadiliki kwa kumziba mdomo anayepinga. Hubadilika pale hoja yake inaposikika waziwazi, ikakaa karibu na hoja ya mwenzake, na watu wakazipima zote mbili.

Tatu, wanawake wale hawakulazimishwa kuchagua kati ya dini yao na mpira. Kuna mtazamaji wa ng'ambo ambaye akimwona mwanamke wa Kiislamu humdhania mfungwa anayengoja kuokolewa. Kuna mtazamaji wa nyumbani ambaye akimwona kiwanjani humdhania aliyeasi. Wachezaji hawa wanawakanusha wote wawili kwa maisha yao. Ni Waislamu, na ni wanakandanda.

Hapa tunaomba tusemezane kwa ukweli, kwa kuwa wengi wenu mnatoka katika jumuiya za Kikristo. Filamu hii isigeuzwe kuwa kidole cha kumnyooshea jirani wa dini nyingine. Swali la nani anamruhusu binti acheze liko pia katika vijiji vyetu, chini ya sauti ya kengele kama lilivyo chini ya sauti ya adhana. Ni wasichana wangapi wa kwetu wana kiwanja na muda wa kukitumia? Ni wazazi wangapi wanaomnunulia binti viatu vya mpira kama wanavyomnunulia mvulana? Kila mtu aitazame filamu ya jirani akiwa na hesabu ya nyumba yake mkononi.

4. Mwongozaji aliyerudi

Watengenezaji wengi wa filamu huishia hapo. Filamu huonyeshwa katika matamasha, hupigiwa makofi, na mwongozaji huenda nchi nyingine kutafuta hadithi nyingine. Ayisi alirudi. Mwaka 2016, yeye na mwenzake Catalin Brylla walitoa filamu ya pili, Zanzibar Soccer Dreams, yaani ndoto za soka za Zanzibar. Iliwarudia wanawake wa mpira baada ya karibu miaka kumi na kuuliza swali rahisi: ni nini kimebadilika? Miongoni mwa mambo yanayozungumzwa humo ni jitihada za kuwapa wasichana nafasi ya kucheza mpira shuleni.

Tafadhali zingatieni neno hilo, shuleni. Mwanamke mmoja jasiri anaweza kucheza hata kama mtaa mzima unamsema. Lakini hatuwezi kuitegemea haki inayodai ujasiri wa pekee kutoka kwa kila mtu anayeihitaji. Siku mpira wa wasichana unapokuwa na ratiba, mwalimu, kiwanja na mavazi yanayokubalika na wazazi, binti wa kawaida, mwenye haya, asiye shujaa, naye anaweza kucheza. Hapo ndipo ushujaa wa wachache unakuwa desturi ya wengi.

Hatutasema kwamba filamu ndiyo iliyoleta mabadiliko yote yaliyotokea. Waliobeba mzigo ni wachezaji wenyewe, makocha, walimu na wazazi waliokubali. Lakini filamu iliweka ushahidi. Baada ya kuonekana, hakuna aliyeweza tena kusema kwamba wanawake wa Zanzibar hawataki au hawawezi kucheza kandanda. Na kwa kurudi, watengenezaji walionyesha kwamba wale wanawake hawakuwa malighafi ya filamu moja tu. Walikuwa watu ambao maisha yao yaliendelea baada ya kamera kuzimwa.

Zanzibar inatufundisha pia namna ya kurudisha picha kwa wenyewe. Tangu mwaka 1998 kumekuwa na Tamasha la Kimataifa la Filamu la Zanzibar, nalo halikujifungia Ngome Kongwe tu. Limekuwa na desturi ya kupeleka filamu vijijini, Unguja na Pemba, ambako watu huketi pamoja kutazama na kuzungumza. Filamu inayotazamwa na mtu mmoja chumbani humwachia yeye peke yake la kufikiri. Inayotazamwa na kijiji huwaachia wote jambo la kusemezana.

5. Watoto wa Mathare washika kamera

Mpaka hapa tumemzungumzia mwongozaji anayetoka nje na kuja kusikiliza. Iko hatua inayofuata, nayo ni wenye hadithi kushika kamera wenyewe. Mfano tunaupata Nairobi.

Mwaka 1987, katika vitongoji vya Mathare, kulianzishwa chama cha michezo cha vijana kiitwacho Mathare Youth Sports Association, kinachojulikana zaidi kama MYSA. Bob Munro, raia wa Kanada, ndiye aliyekianzisha pamoja na vijana wa hapo. Mathare ya wakati huo ilijaa takataka zilizoziba mitaro na kuleta maradhi. Chama kikaweka kanuni ambayo haikuzoeleka: timu hupata pointi katika ligi kwa kushinda mechi, na hupata pointi nyingine kwa kusafisha mtaa. Timu iliyofunga mabao mengi lakini haikushika koleo na toroli ingeweza kupitwa na timu iliyofanya yote mawili. Mapema katika miaka ya 1990 wasichana nao wakaingia katika ligi. Kutoka katika chama hicho ilizaliwa mwaka 1994 timu ya Mathare United, ambayo mwaka 2008 ilitwaa ubingwa wa ligi kuu ya Kenya.

Mwaka 1997 mpiga picha Lana Wong alianza nao mradi ulioitwa Shootback. Vijana 31, wavulana kwa wasichana, walipewa kamera za plastiki za bei ndogo na kufundishwa kuzitumia. Mwaka 1999 picha na maandishi yao yalichapishwa katika kitabu. Kabla ya hapo, picha za Mathare zilizosambaa duniani mara nyingi zilikuwa za watu waliopita: umaskini, uchafu na uhalifu. Watoto hawakuuficha umaskini. Waliishi ndani yake. Lakini walipiga pia picha za maisha yao ya kila siku, mambo ambayo mpita njia hayaoni kwa sababu hajui kwamba yapo.

Wahenga walisema kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Sisi tungeongeza kwamba hujui pia usingizi wake. Anayeishi mahali anajua maumivu ya hapo na anajua faraja yake, na hadithi ya kweli inahitaji vyote viwili. Leo, ambapo simu ya mkononi ina kamera bora kuliko zile za mwaka 1997, hatuna udhuru wa kungoja mgeni aje atusimulie.

6. Bouaké: pale picha inapofikia ukomo wake

Tusije tukawadanganya kwamba mpira na kamera vinatosha. Twende Afrika Magharibi, katika nchi ya Ivory Coast, tuone nguvu ya picha na ukomo wake.

Mwezi Septemba mwaka 2002 nchi hiyo ilipasuka kwa vita. Serikali ilishika kusini na waasi wakashika kaskazini, makao yao yakiwa katika mji wa Bouaké. Timu ya taifa ilikuwa na wachezaji kutoka pande zote. Tarehe 8 Oktoba 2005, huko Omdurman, waliifunga Sudan na kufuzu kwa mara ya kwanza kucheza fainali za Kombe la Dunia. Kamera ya televisheni ilikuwa pamoja nao katika chumba cha kubadilishia mavazi. Didier Drogba akashika kipaza sauti, na yeye pamoja na wenzake wakapiga magoti mbele ya kamera ile, wakawasihi wananchi wao wasameheane na kuweka silaha chini. Picha hiyo ilirudiwa tena na tena katika televisheni ya nchi yao.

Mwezi Machi mwaka 2007 pande mbili zilitia sahihi mapatano huko Ouagadougou, na tarehe 3 Juni mwaka huohuo timu ya taifa ilicheza na Madagaska mjini Bouaké kwenyewe, ngome ya waasi. Ivory Coast ilishinda 5-0. Watu waliokuwa wametengana kwa karibu miaka mitano waliimba wimbo mmoja wa taifa katika kiwanja kimoja.

Simulizi nyingi za habari hii huishia hapo, na mtu husema kwamba mchezaji mpira alikomesha vita. Haki inatudai tuendelee. Baada ya uchaguzi wa mwaka 2010 mapigano yalizuka upya, na hadi yalipokoma mwaka 2011 watu wapatao 3,000 walikuwa wameuawa. Picha ya wachezaji waliopiga magoti ilikuwa bado ipo na watu walikuwa bado wanaipenda. Lakini masuala ya nani ni raia, nani ana haki ya ardhi na nani atapiga kura, yaliyoiwasha vita ya kwanza, hayakuwa yamepatiwa ufumbuzi. Mwaka 2011 Drogba mwenyewe aliteuliwa kuwa mjumbe wa tume ya mazungumzo, ukweli na maridhiano. Kutoka kipaza sauti hadi meza ya tume: safari hiyo yenyewe yatuambia kwamba ombi lililogusa mioyo halikuondoa haja ya kazi ndefu ya kusikiliza walioumizwa.

Kwa hiyo tuseme wazi. Picha inaweza kuwafanya watu watake amani. Haiwezi kuwagawia ardhi, kuwasajili uraia wala kuhesabu kura zao kwa uaminifu. Anayeonyesha filamu ya upatanisho na kuacha dhuluma ilivyo amewapa watu usingizi mwema juu ya godoro lenye miiba.

7. Mambo ya kuzingatia kwa wanaotaka kuanza

Huenda baadhi yenu mtakaporudi mtapenda kutumia filamu za mpira katika vikundi vyenu, au kutengeneza yenu. Tunashauri mambo yafuatayo.

(a) Kusikiliza kabla ya kupiga picha. Mtengenezaji akae na timu siku nyingi bila kamera. Aulize: mngependa jambo gani lijulikane? Ni jambo gani msilotaka lionyeshwe?

(b) Ridhaa ya kweli. Kukubali mbele ya kocha au mbele ya mzee wa mtaa si lazima kuwe ni kukubali. Msichana aulizwe akiwa huru kukataa, na kwa mtoto wazazi waulizwe pia. Aelezwe wazi nani ataiona filamu. Maneno anayoyasema leo mbele ya rafiki zake yatasikiwa kesho na mjomba, na keshokutwa na mkwe. Mtengenezaji ataondoka, yeye atabaki. Akibadili nia kabla filamu haijakamilika, neno lake liheshimiwe.

(c) Mtu aonyeshwe mzima. Asipigwe picha ya shida zake tu, wala ya ushindi wake tu. Anayesifiwa kupita kiasi hutengwa na wenzake sawa na anayedharauliwa.

(d) Mpinzani asikike. Baba anayemkataza binti yake, kiongozi wa dini mwenye mashaka, mwenye kiwanja anayetaka kukiuza, wote wana sababu zao. Wasipopata nafasi ndani ya filamu, watasema nje yake, na watasema kwa hasira.

(e) Wa kwanza kuiona wawe wenyewe. Filamu isionyeshwe kwa wafadhili, mjini wala ng'ambo kabla haijaonyeshwa kwa timu na kwa familia zao. Kama kuna kosa, walirekebishe wao.

(f) Maonyesho yafuatiwe na mazungumzo, na mazungumzo yafuatiwe na uamuzi. Tunaijua njia yetu ya siku zote: kuona, kuamua, kutenda. Filamu inatusaidia katika kuona. Kuamua na kutenda ni kazi yetu. Kila onyesho liandaliwe likiwa na mwongozaji wa mjadala, mtu wa kuandika yatakayosemwa, na siku iliyopangwa ya kukutana tena.

(g) Kujihadhari na wenye kununua. Mwanasiasa au mfanyabiashara akigharimia filamu, atataka uso wake uwemo. Ni heri filamu fupi ya kamera duni iliyo mali ya kijiji kuliko filamu ndefu yenye rangi nzuri iliyo mali ya mgombea.

8. Hitimisho

Ndugu wapendwa, tumepita Vugiri, Zanzibar, Mathare na Bouaké. Vugiri tumeona sinema iliyomfundisha mtu bila kumuuliza. Zanzibar tumeona kamera iliyouliza, kisha ikarudi. Mathare tumeona watoto wakisimulia wenyewe na kusafisha mitaro yao wenyewe. Bouaké tumeona kwamba hata picha iliyo njema kuliko zote haiwezi kushika nafasi ya haki.

Katika kila parokia, kila kijiji na kila mtaa wetu kuna kiwanja, na kando ya kila kiwanja kuna mtu ambaye angependa kuingia na hajaruhusiwa. Labda ni msichana. Labda ni mtoto mwenye ulemavu. Labda ni mkimbizi ambaye jina lake linamfanya aonekane mgeni ingawa amezaliwa hapa. Hatuhitaji kungoja kamera ije kutoka mbali ndipo tumwone. Tukimwona na kumsikiliza, kamera ikija itakuta kazi imekwisha kuanza, nayo itakuwa na jambo la kweli la kupiga picha.

Maswali ya kujadili katika vikundi

1. Katika kiwanja cha mtaa au kijiji chetu, ni nani wanaocheza na ni nani wasiocheza? Ni kwa sababu zipi?

2. Ni nani ambaye kwa kawaida husimulia habari za jamii yetu katika redio, magazeti, televisheni na simu? Je, tunajitambua katika simulizi hizo?

3. Kama timu ya wasichana wa hapa kwetu ingetaka kutengenezewa filamu, ni hatari gani zingeweza kuwapata, na sisi tungewalinda vipi?

4. Ni dhuluma gani iliyopo kati yetu ambayo tumeifunika kwa michezo, sherehe au nyimbo za umoja, bila kuitafutia ufumbuzi?

5. Tukiamua jambo moja tu la kutenda kabla ya kukutana tena, litakuwa lipi, na nani atawajibika kulifuatilia?